Siku Moja Nada, kwa Wapika Pombe ya Mchele wa Japani

Katika mwezi wa Februari 2025 nilikuwa mmoja wa watu wanane kutoka ofisi za kilimo na skimu za Kenya waliokwenda Japani kwa mafunzo ya majuma matatu juu ya mbegu na masoko. Jumamosi moja hatukuwa na darasa, na wenyeji wetu wakatupeleka kutembea kwa miguu huko Nada, mahali panapopikwa pombe ya mchele iitwayo sake. Nilikwenda shingo upande. Mimi si mnywaji, na nilidhani tutaonyeshwa machupa na kusikia sifa zake mpaka jioni. Sivyo ilivyokuwa. Tuliporudi usiku, miguu ikiuma, hakuna hata mmoja wetu aliyekuwa akizungumza habari ya pombe. Tulikuwa tukibishana juu ya visima, mbegu, mizani na mapatano.

Nawaandikia habari za matembezi hayo kwa sababu wengi wenu katika skimu huuza mazao yenu kwa mapatano na mnunuzi mmoja, yakiwa shayiri, majani chai, miwa, maziwa au mpunga. Tena nina sababu yangu mwenyewe. Mwaka 2014 baba yangu alipeleka magunia 38 ya shayiri kwa mnunuzi aliyepatana naye, na yote yakarudishwa langoni. Aliambiwa maneno mawili tu, "Ina maji." Hakuonyeshwa kipimo wala hakuambiwa ni maji kiasi gani. Mwenye lori alidai fedha za kwenda na za kurudi. Tangu siku hiyo kila nikisikia neno mapatano, huliona lile lango.

Nada ni ukanda wa pwani katika mkoa wa Hyogo, ulioenea katika miji miwili ya Kobe na Nishinomiya. Urefu wake ni kama kilomita 12. Kusini ni bahari, na kaskazini ni milima ya Rokko, ambayo imesimama karibu sana na bahari hata mtu akiwa njiani huweza kuona yote mawili kwa kugeuza kichwa tu. Zamani palikuwa na vijiji vitano vya wapika pombe, na hata leo majina yao yanatajwa: Imazu, Nishinomiya, Uozaki, Mikage na Nishi. Karibu robo ya sake yote ya Japani hutoka hapo.

Msifikiri kwamba ni shamba. Ni mji wenye lami, viwanda, na nyumba zilizobanana. Jumba la pombe hulitambua kwa ukuta wake mrefu wa mbao nyeusi, na kwa tufe kubwa la majani ya mti wa jamii ya mwerezi, ule tunaouita mutarakwa, lililotundikwa chini ya paa. Tufe hutundikwa likiwa kijani kibichi wakati pombe mpya inapotoka. Likigeuka kahawia, wapita njia hujua kwamba pombe imekomaa.

Mwongozaji wetu alikuwa mzee wa miaka sabini na kitu, mtoto wa mkulima, aliyemaliza kazi katika jumba moja la pombe na ambaye kazi yake ya mwisho ilikuwa kupokea mchele. Tulimwita Mzee. Mkalimani alipomweleza kwamba kwetu hilo ni jina la heshima, aliinama mpaka kofia ikaanguka.

VISIMA VYA NISHINOMIYA

Tulianzia upande wa mashariki, Nishinomiya, penye visima. Ni visima vifupi, vya mita nne au tano hivi, vimefunikwa na kuzungushiwa ua katikati ya nyumba za watu, na kila ua una jina la kiwanda chake. Maji yake huitwa miyamizu. Habari ya kugunduliwa kwake angeipenda kila mtu mwenye shamba la majaribio.

Mpika pombe mmoja aitwaye Yamamura Tazaemon alikuwa na majumba mawili, moja Nishinomiya na jingine Uozaki. Kila mwaka pombe ya Nishinomiya ilikuwa bora kuliko ya Uozaki, naye akataka kujua sababu. Kwanza alitumia mchele wa namna moja katika majumba yote mawili. Tofauti ikabaki. Akawabadilisha mafundi wakuu, wa huku akaenda kule na wa kule akaja huku. Tofauti ikabaki vile vile. Mwisho, mwaka 1840, akapakia maji ya kisima cha Nishinomiya juu ya magari ya ng'ombe, akayapeleka Uozaki, na safari hiyo pombe ya Uozaki ikawa nzuri kama ya Nishinomiya. Majirani walimcheka kwanza kwa kubeba maji, kisha wakaanza kuyabeba wao pia, na watu wa Nishinomiya waliokuwa na visima wakapata biashara mpya ya kuuza maji.

Niliposikia hayo nilikumbuka jinsi sisi tunavyofanya. Mkulima hubadilisha mbegu, mbolea na siku ya kupanda, vyote katika msimu mmoja. Mavuno yakiongezeka husema ni mbolea, na jirani yake hununua mbolea hiyo hiyo asipate kitu. Yamamura alibadilisha kitu kimoja kimoja, na kila mara alingoja mpaka pombe iwe tayari ndipo aseme neno.

Leo wataalamu wamekwisha pima maji hayo. Yana potasiamu na fosforasi kwa wingi, navyo ni chakula cha hamira, na yana chuma kidogo mno. Chuma huharibu rangi na ladha ya sake. Chini ya ardhi mikondo mitatu ya maji hukutana mahali hapo. Mmoja huja na oksijeni nyingi, na oksijeni hiyo hukamata chuma kilichomo katika mikondo mingine na kukiacha mchangani. Basi visima vyenyewe vimo katika eneo dogo tu. Ukichimba mbali kidogo, hupati maji yale. Katika karne ya 20 bandari ilipochimbwa, chumvi ya bahari iliingia katika visima vya zamani, ikawalazimu kusogea ndani zaidi. Siku hizi mtu akitaka kujenga nyumba yenye msingi wa kina katika eneo hilo hushauriana kwanza na wenye visima, na mji una sheria ndogo ya kuyalinda maji. Fikirini juu ya mito yetu inayopita chini ya skimu, na nani hushauriana na nani kabla ya kuweka bomba.

PUNJE INAYOSUGULIWA HATA IKABAKI USHANGA

Kutoka Nishinomiya tukapanda gari la moshi la Hanshin, ambalo halina moshi hata kidogo maana ni la umeme, tukashuka Uozaki. Hapo upo mto Sumiyoshi, unaoshuka kutoka Rokko moja kwa moja mpaka baharini. Ni mfupi na wa kasi, na zamani kingo za mito kama huo juu mlimani zilijaa magurudumu ya maji yaliyoendesha vinu. Wapika pombe wa mahali pengine walikuwa wakikoboa mchele kwa kukanyaga kwa mguu. Watu wa Nada waliuachia mto kazi hiyo, wakapata mchele mweupe zaidi na mwingi zaidi, na hiyo ni sababu mojawapo iliyowafanya wawapite wenzao.

Mchele wa kula huondolewa kama sehemu kumi tu katika mia. Mchele wa sake mara nyingi huondolewa sehemu thelathini au zaidi, na ule wa sake ya bei kubwa huondolewa hamsini na kupita, hata punje hubaki mviringo kama ushanga mdogo. Sehemu ya nje ina mafuta na protini, vitu vizuri kwa mlaji lakini huleta ladha nzito katika pombe.

Katika kundi letu alikuwamo mama mmoja mkulima wa skimu ya Mwea, analima pishori. Aliposikia hesabu hiyo alisimama katikati ya njia. "Nusu ya punje inatupwa? Na mimi hugombana na mwenye kinu akinivunjia kilo mbili!" Mzee akacheka, akasema hakuna kinachotupwa. Pumba za kwanza ni chakula cha mifugo, na unga mweupe unaofuata hutengenezwa vitafunio. Hata machicha yanayobaki pombe ikikamuliwa huuzwa madukani. Watu huyatia katika supu na kuhifadhia mboga. Mchana tulikula supu hiyo, ina viazi, karoti na samaki. Kwa baridi ya siku ile, niliomba bakuli la pili.

Juu ya upikaji wenyewe sitasema mengi, lakini wale mliowahi kuona nyanya zetu wakipika busaa mtaelewa upesi. Katika busaa, wimbi ulioota na kukaushwa, yaani kimea, ndio unaogeuza wanga wa unga kuwa sukari, kisha hamira hugeuza sukari kuwa pombe. Wajapani hawatumii kimea. Hunyunyiza juu ya mchele uliopikwa kwa mvuke mbegu za kuvu fulani, na mchele ulioota kuvu hiyo huitwa koji. Chumba cha koji kina joto kama Mombasa mwezi wa Februari, nje kukiwa na baridi ya kuuma masikio, na wafanyakazi huugeuza mchele kwa mikono mchana na usiku kwa muda wa siku mbili. Kisha hutengeneza kianzio, ambacho jina lake maana yake ni mama wa sake. Halafu mchele, koji na maji huongezwa mara tatu katika siku nne, na siku ya pili hawaongezi kitu ili hamira ipate nguvu. Hungoja majuma matatu au manne, ndipo hukamua. Ajabu yake ni kwamba katika pipa moja koji inageuza wanga kuwa sukari na hamira inageuza sukari kuwa pombe, yote kwa wakati mmoja.

Mapipa ya zamani tuliyaona. Yana kimo cha kumzidi mtu mrefu, na moja huchukua lita 5,400 hivi. Hapakuwa na saa ukutani, basi watu walipima wakati kwa nyimbo. Kazi ya kuponda kianzio ilikuwa na wimbo wake, na fundi alijua kwamba beti zikiisha kazi imetosha. Jambo jingine lililotuchekesha ni kwamba mtu anayefanya kazi humo wakati wa msimu hali natto, yaani soya zilizovundikwa, kwa kuogopa vijidudu vyake visije vikaingia katika koji. Sisi pia tulikatazwa kuila asubuhi ile, na sikuona mtu aliyelia.

WAFANYAKAZI WALIKUWA WAKULIMA

Sasa nifike kwenye jambo lililonigusa zaidi. Tulipofika Mikage, Mzee alitusimamisha penye majumba mawili marefu yaliyojengwa sambamba, kutoka mashariki hadi magharibi. La kaskazini hupokea upepo wa baridi unaoteremka kutoka Rokko, na la kusini hulikinga na jua. Kazi yote ilifanywa wakati wa baridi, maana baridi huzuia pombe isiharibike, na katika karne ya 17 serikali ya Tokugawa ilipiga marufuku kupika pombe nje ya majira hayo. "Na wakati wa baridi," Mzee akauliza, "ni nani asiye na kazi?"

Sote tukajibu kwa sauti moja, "Mkulima!"

Nyuma ya milima, katika nchi ya Tanba, mashamba hulala chini ya baridi kuanzia mwisho wa vuli. Wanaume wa huko walifunga mizigo yao, wakavuka milima kwa miguu, wakafanya kazi Nada siku mia moja hivi, wakarudi kabla ya kupanda mpunga. Walikuja kwa vikosi, watu wa kijiji kimoja pamoja, na juu yao alikuwapo toji, yaani fundi mkuu na mnyapara wa kikosi. Mwenye jumba alitoa mtaji, lakini toji ndiye aliyeamua lini kukoroga na lini kukamua. Ufundi wa Tanba huhesabiwa kuanza mwaka 1755.

Haukupatikana bila taabu. Bwana wa nchi ya Sasayama hakutaka wakulima watoke, kwa kuogopa mashamba yasiachwe na kodi isipungue, akaweka makatazo. Mwaka 1800 mkulima mmoja wa kijiji cha Ichihara, jina lake Seibei, alikwenda mpaka Edo, mji unaoitwa Tokyo leo, akampelekea bwana huyo malalamiko mkononi mwake. Kwa siku hizo mkulima kumkabili bwana namna hiyo lilikuwa kosa kubwa, naye alitiwa gerezani. Lakini mwishowe wakulima walipewa ruhusa ya kwenda kufanya kazi siku mia kila mwaka. Mzee alituambia kwamba kwao Tanba jina la Seibei hujulikana na watoto. Baba yake mwenyewe alikuja Nada kila mwaka kwa miaka mingi, na fedha za siku mia ndizo zilizomsomesha yeye na dada zake.

Siku hizi mambo yamebadilika. Viwanda vikubwa vina mitambo ya baridi na hupika mwaka mzima kwa wafanyakazi wa mshahara. Mwanzoni mwa karne ya 20 watu wa Tanba waliokwenda kupika walikuwa maelfu. Leo toji wa huko ni makumi tu.

"HESABU WEWE MWENYEWE"

Mpunga wa sake ulio bora kuliko wote huitwa Yamada Nishiki. Kituo cha majaribio cha mkoa wa Hyogo kilichanganya mbegu mbili za zamani mwaka 1923, zikajaribiwa na kuchaguliwa msimu baada ya msimu, na jina halikutolewa mpaka 1936. Punje elfu moja zina uzito wa gramu 27 hivi, wakati mpunga wa kawaida wa Japani hufika gramu 22 hivi, na katikati ya punje mna doa jeupe, laini, ambamo kuvu ya koji hupenya kwa urahisi. Lakini ni mpunga msumbufu. Shina lake ni refu, na upepo ukivuma hulala. Ukiutia naitrojeni nyingi hulala upesi zaidi. Mavuno yake ni madogo kuliko ya mpunga wa kula.

Mama wa Mwea akauliza swali ambalo nilikuwa nalo moyoni. "Mzee, kwa nini mtu mwenye akili alime mpunga wa namna hiyo?"

Mzee akajibu kwa neno moja, muramai, maana yake mchele wa kijiji, kisha akatueleza. Zamani kodi ililipwa kwa mchele, na maofisa waliuangalia sana. Baada ya mwaka 1873 kodi ya ardhi ikaanza kulipwa kwa fedha. Hakuna tena aliyejali ubora, mchele ukachanganywa na kukaushwa ovyo, na wapika pombe wa Nada wakapata hasara. Basi katika miaka ya 1890 baadhi yao walikwenda wenyewe vijijini nyuma ya Rokko, katika mabonde yenye udongo mzito wa mfinyanzi, mchana joto na usiku baridi, wakapatana na kijiji kizima. Kijiji fulani kiliuza kwa jumba fulani, mwaka baada ya mwaka. Wapika pombe walikwenda kuona mashamba, na wakulima walijua pombe yao inaitwaje. Mapatano hayo yapo mpaka leo, ingawa vyama vya ushirika vimeingia katikati, na katika mabonde ya Yokawa na Tojo utaona kando ya shamba kibao chenye jina la kiwanda kinachonunua mpunga wake.

"Maneno matamu," akasema mama wa Mwea. "Lakini siku ya kupokea mchele, nani anaupima? Na ukikataliwa, mkulima huonyeshwa?"

Mkalimani alisita kidogo, nadhani aliona swali ni kali. Mzee hakusita. Aliweka mfuko wake chini, akatoa sahani ndogo nyeusi na pakiti ya mchele ambao haujafanywa mweupe, akamwaga punje kidogo juu ya sahani. Juu ya rangi nyeusi kila kasoro ilionekana. Punje ya kijani, iliyopasuka, iliyovunjika na yenye doa la mdudu zote zilijitokeza kama nyota. Akaeleza kwamba mchele wa sake una daraja tano kwa sheria, na mkaguzi ni mtu aliyeandikishwa kwa sheria ya ukaguzi wa mazao. Daraja ya juu kabisa hutaka punje nzima, zilizojaa vizuri, zifike sehemu 90 katika mia. Daraja ya kwanza, ambayo kwa kweli ni ya tatu kutoka juu, hutaka 70. Maji yasizidi sehemu 15 katika mia. Kisha akampa mama sahani. "Hesabu wewe mwenyewe," akasema.

Mama akachuchumaa pale kando ya njia na baridi yote ile, akatenga punje mbaya kwa ukucha. Alihesabu mia moja, akapata mbaya kumi na nne. "Basi si ya juu kabisa," akasema, "ni ya pili." Mzee akageuza pakiti, akamwonyesha muhuri. Ilikuwa ya pili.

Mzee akaongeza kwamba alipokuwa akipokea mchele, neno baya kuliko yote lilikuwa kumwambia mkulima kwamba daraja imeshuka, na kwamba yeye hakulisema kamwe bila sahani kuwa mezani. Mkulima aliyeona punje zake huenda nyumbani na hasira, alisema, lakini mwaka unaofuata hukausha vizuri zaidi. Asiyeona huenda na hasira tu.

Sikusema kitu. Nilikuwa nikifikiri juu ya magunia 38.

Nisiwadanganye kwamba wamemaliza taabu zao. Unywaji wa sake nchini mwao ulifika kilele katika miaka ya 1970, na tangu hapo umeshuka hata chini ya theluthi moja, kwa sababu vijana hunywa vitu vingine. Desemba 2024 shirika la UNESCO liliuandika upikaji wa sake katika orodha ya urithi wa wanadamu, nao wakafurahi sana, lakini orodha hainunui mpunga. Halafu katika mwaka 2025 bei ya mchele wa kula ilipanda mno Japani, na wakulima wengine wakaanza kuuacha mpunga wa sake wenye taabu nyingi na kulima wa kula. Kiwanda kinachotaka kumshika mkulima wake hakina budi kuongeza bei. Urafiki wa miaka mia na thelathini ni kitu kikubwa, ila nao una kipimo chake.

MWISHO WA NJIA

Tulimalizia Oishi, upande wa magharibi, katika jumba la makumbusho la Sawanotsuru. Jua lilikuwa linashuka, na upepo wa Rokko ulipita katika makoti yetu kana kwamba ni shuka za pamba. Humo mna vyombo vyote vya zamani, pamoja na mapipa ya mbao yaliyofungwa majani ya mpunga ambayo merikebu zilipeleka Edo, lita 72 kila moja. Karne mbili zilizopita sehemu kubwa ya pombe iliyonywewa Edo ilitoka pwani hii kwa merikebu, na wenye merikebu walishindana kila mwaka nani afike wa kwanza na pombe mpya.

Nilisifu ukale wa jumba lile. Mzee akatikisa kichwa. Jumba la kale, alisema, lilianguka tarehe 17 Januari 1995, saa kumi na moja na dakika arobaini na sita alfajiri, ardhi ilipotetemeka. Watu zaidi ya 6,400 walikufa katika Kobe na miji ya jirani. Ilikuwa katikati ya msimu, mapipa yamejaa. Majumba mengi ya mbao yaliyokuwa yamepona mabomu ya 1945 yalilala chini kwa muda usiofika dakika moja, na baadhi ya wapika pombe hawakuinuka tena. Jumba tulimosimama lilijengwa upya kwa mbao na vyombo vilivyookolewa, likafunguliwa 1999, na chini yake lina mitambo ya kuliachia licheze ardhi ikitikisika.

Mkalimani akauliza kwa niaba yetu walifanya nini na mchele uliokuwa ghalani. Mzee akafikiri kidogo. Akasema kwamba katika jumba lake walipika uliofaa kwa chakula, wakawagawia majirani waliolala nje, na mchele wa sake, alisema, si mtamu kuula. Hakuna aliyelalamika.

Wenzangu walionja kikombe kidogo kila mmoja. Mimi na mama wa Mwea tulipewa kinywaji cha moto cha koji kisicho na kileo, kitamu kama uji wenye sukari. Akakinywa, akarudi tena kwa Mzee kumwomba auone ule mchele mara ya mwisho.

Nilipofika nyumbani nilichukua kifuniko cha mkebe wa rangi, nikakipaka rangi nyeusi, nikakiacha juani kikauke. Baba alinitazama bila kuuliza. Jioni nikamweleza habari ya sahani ya Mzee, na jinsi mama wa Mwea alivyohesabu akapatana na muhuri. Alinyamaza kwa muda mrefu. Kisha akaingia ghalani, nikasikia akifungua gunia, akatoka na konzi ya shayiri ya msimu huu, akavaa miwani, akaimwaga juu ya kifuniko, akaanza kuhesabu.